Mizani 16, na mtu hayumo

Wanaonijia niwatungie shairi la mapenzi karibu wote huja na mshororo mmoja tayari mfukoni. Mwezi uliopita alikuja dereva wa lori, amenuniana na mkewe siku nne, na wake ulikuwa huu:

*Nakupenda sana wewe, wewe wangu wa moyoni*

Hesabu: ukwapi (kipande cha kwanza) mizani 8, yaani silabi 8, na utao (kipande cha pili) mizani 8. Kiarudhi, yaani kwa kanuni za utunzi, hauna kasoro, hakuna atakayeuita guni (shairi lililovunja kanuni hizo). Lakini mtu hayumo. Mshororo huo unaweza kumpelekea mke, mchumba, hata timu ya mpira.

Simcheki. Shairi langu la kwanza la mahaba, nikiwa kidato cha tatu, lilikuwa na waridi, lulu, malkia na mwezi wa kumi na nne, beti saba nzima. Msichana aliyepelekewa alilirudisha na swali moja chini ya karatasi: "Hili umemwandikia nani?"

Tangu hapo, kabla sijagusa vina, namwambia mtu aandike kwanza barua. Nusu ukurasa, bila kuhesabu chochote, na neno *nakupenda* ni marufuku. Aseme tu mwenzake hufanya nini. Hapo ndipo wengi hukuna kichwa. Dereva wangu alikaa na kalamu muda mrefu, kisha akaandika kwamba anapenda ukoko wa wali, na kwamba usiku ule aliporudi, ugomvi bado mbichi, mke amelala ameupa ukuta uso, alikuta ukoko wake jikoni umefunikwa sahani.

Nikamwambia shairi ndilo hilo, lililobaki ni useremala.

Vina tulichagua vyepesi: *-ni* katikati na *-kwa* mwishoni. Hiyo *-kwa* ilitufaa, kwa sababu *umefunikwa*, *umewekwa* na *nilikumbukwa* hazimtaji mtendaji. Mke haitwi kwa jina wala hasifiwi, unaona mkono wake tu. Ubeti ukasimama hivi:

*Nirudipo safarini, ukoko umefunikwa,*
*Kwa sahani ya jikoni, mwiko juu umewekwa,*
*Hata neno la utani, jana halikutamkwa,*
*Nami kumbe mawazoni, mapema nilikumbukwa.*

Mshororo wa tatu ndio uliotutoa jasho. Yeye alitaka kuandika *nisamehe*, mimi nikashikilia kimya chenyewe kiingie. Ukificha ugomvi, ukoko unabaki chakula tu.

Watu hudhani arudhi hukaba hisia. Kwangu mimi mizani ndiyo hunizuia kupiga kelele. Ukiwa na nafasi 8 tu kabla ya kituo cha katikati ya mshororo, *sana* na *mno* hutupwa nje zenyewe. Ila kina cha kulazimisha hakina dawa: mtu akikwama na *-ri* anamwita mkewe *johari* na kila kitu kinaharibika. Afadhali ubadilishe kina.

Wala hili si jipya. Mwana Kupona, malenga wa kike wa zamani, alipomtungia binti yake utendi mwaka 1858 naye hajiwezi kwa maradhi, hakuanza na maneno makubwa ya huba. Anamwambia asogee karibu, akae, aje na wino na karatasi. Mama mgonjwa anamwita mwanawe kitandani. Nimeusoma mara nyingi, na nikifika hapo bado nasita kidogo kabla ya kufungua ukurasa.

Dereva akanakili ubeti kwa mkono wake (nilikataa kumwandikia mimi, mwandiko wa mtu ni sehemu ya barua), akausoma, akasita.

"Mwalimu, hili neno ukoko halitanifedhehesha? Tuweke *chakula*. Mizani si ni ileile?"

Ni ileile kweli, tatu kwa tatu. Nikamwuliza mkewe humfunikia nani mwingine ukoko.

Akacheka, akaikunja karatasi.