Je, wajua Menahem Golan aliuzaje filamu ambazo hazikuwa zimetengenezwa?

Katika miaka ya 1980, wakati wa tamasha la filamu la Cannes nchini Ufaransa, wanunuzi wa nchi mbalimbali waliingia katika ofisi za kampuni ya Cannon na kutoka wakiwa wametia saini mikataba ya filamu ambazo pengine hazikuwa hata na mswada. Kilichokuwepo ni bango lenye rangi kali, jina la filamu na jina la nyota, ambaye mara nyingine alikuwa bado hajakubali kuicheza. Muuzaji alikuwa Menahem Golan, mtayarishaji na msambazaji aliyezaliwa Tiberias mwaka 1929. Yeye na binamu yake, Yoram Globus, waliinunua Cannon mwaka 1979 ikiwa taabani kifedha. Golan hakuwa limbukeni wa kazi hiyo, kwani filamu aliyoitayarisha nchini Israeli mwaka 1964 iliwahi kuteuliwa kuwania Oscar.

Siri ya biashara yake ilikuwa katika mkataba. Msambazaji wa Ujerumani, kwa mfano, aliahidi kulipa kiasi fulani ili apewe haki ya kuionyesha filamu nchini mwake. Alitoa sehemu ndogo ya fedha papo hapo, na zilizobaki aliahidi kuzilipa atakapokabidhiwa filamu iliyokamilika. Ahadi za namna hiyo zilipokusanywa kutoka nchi nyingi, Golan alizipeleka benki, na benki, ikijua kwamba wanaodaiwa ni wafanyabiashara wanaoaminika kulipa, ikamkopesha fedha za kuitengenezea filamu yenyewe. Mwanabenki Frans Afman wa Uholanzi ndiye aliyejulikana zaidi kwa mikopo ya aina hiyo. Ikiwa gharama za kuitengeneza zilibaki chini ya jumla ya ahadi, faida ilikuwa imeshapatikana kabla mtazamaji hata mmoja hajakata tiketi.

Hapo ndipo ilipotoka sifa mbaya ya Cannon, ya kufyatua filamu za ninja na za kulipiza kisasi kwa bei ya chini. Sifa hiyo ni ya kweli, lakini haitoshi. Golan huyohuyo alimpa fedha mwongozaji John Cassavetes, ambaye filamu yake ilishinda Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin, mwaka 1984, na mwaka 1985 aliandikiana mkataba na mwongozaji mashuhuri Jean-Luc Godard juu ya leso ya karatasi pale pale Cannes. Kwa maoni yangu, alizipenda filamu kwa dhati. Tatizo ni kwamba alizipenda zote kwa wakati mmoja.

Mfumo huo ulidai mikataba mipya kila mara, maana mikopo ya jana ililipwa kwa mauzo ya leo. Cannon ilipoanza kununua kumbi za sinema na studio za Elstree nchini Uingereza, na kumlipa Sylvester Stallone kiasi kilichoripotiwa kufikia dola milioni 12 kwa filamu moja, hesabu zilianza kugoma. Tume inayosimamia masoko ya hisa ya Marekani ikachunguza jinsi kampuni ilivyoandika gharama za filamu zake vitabuni, kwa sababu kampuni inayokisia mapato makubwa mno ya baadaye huweza kuahirisha gharama na kuonekana ina faida.

Ukata ulionekana hata kwenye skrini. Bajeti ya filamu ya nne ya Superman, iliyotoka mwaka 1987, ilikatwa hadi takriban dola milioni 17, na makao makuu ya Umoja wa Mataifa yaliyoko New York yakaigizwa kwa majengo ya Milton Keynes, mji wa Uingereza. Filamu ya Spider-Man waliyoinunulia haki haikupigwa kamwe. Baadhi ya mandhari yaliyotayarishwa kwa ajili yake yakatumiwa katika filamu nyingine ya bei rahisi, ya Jean-Claude Van Damme.

Mwitaliano Giancarlo Parretti alipoitwaa kampuni, Golan aliondoka mwaka 1989 na kuachana na Globus. Kila mmoja akaharakisha filamu yake kuhusu dansi ya lambada, zikatolewa Marekani siku moja, tarehe 16 Machi 1990, na hakuna iliyofua dafu.