Udongo usiotoa jasho

Kisima kikavu kinauma. Tulichimba siku mbili katika kitongoji kimoja upande wa Pande, wilayani Kilwa, na kuanzia mita za mwanzo mtambo ulikuwa unatoa kitu kimoja tu: mfinyanzi wa kijivu, laini kama sabuni iliyolowa. Tukafika mita 80, maji hakuna, na kina mama walishapanga ndoo. Bibi mmoja anayefinyanga vyungu aliokota donge, akalivunja, akatazama ndani. "Mwanangu, mnajisumbua. Udongo huu hautoi hata jasho."

Kazi yangu ni maji ya chini ya ardhi. Tangu habari za urani ya Namtumbo zianze kusikika huku kusini, naulizwa mara kwa mara: hizi taka za nyuklia zinazozikwa ardhini huko kwa wenzetu, haziingii kwenye visima? Jibu langu naanzia kwenye lile donge.

Mionzi yenyewe haisafiri mbali ardhini. Mita chache za mwamba zinaizuia. Kinachoweza kuchukua sumu kutoka chini na kuileta kwenye ndoo yako ni maji. Kwa hiyo wanaozika taka wanafanya kinyume cha kazi yangu. Mimi natafuta mwamba unaotoa maji, wao wanatafuta unaoyanyima. Uwanda wa juu wa Makonde, kwa mfano, haufai kabisa. Pale Newala mvua ikinyesha maji yanazama mchangani na kwenda kutokea chini kabisa ya mteremko, ndiyo maana bibi zetu walishuka bondeni na kupanda tena na mitungi kichwani.

Mfinyanzi wa Pande ni habari nyingine. Watafiti waliochimba sampuli Kilwa na Lindi walikuta ndani yake magamba ya foraminifera, viumbe wa baharini wadogo kama chembe ya mchanga. Mengine yana miaka milioni 34 na zaidi, toka zama ambazo barafu ilikuwa inaanza kutanda Antaktika, na bado yanang'aa kama kioo. Kwa kawaida maji yanayopita kwenye mwamba huyayeyusha magamba hayo na kuyajenga upya, yakawa meupe kama chokaa. Hapa maji hayakupita. Nilipoyaona kwa darubini kwa mara ya kwanza nilimkumbuka yule bibi na jasho lake.

Ufaransa wanajiandaa kuzika taka zao kali kwenye mfinyanzi wa aina hiyo karibu na Bure, mita 500 hivi chini, wenye umri wa karibu miaka milioni 160. Ndani ya tabaka hilo maji karibu hayatembei. Kitu kinasogea kwa kupenyeza tu, chembe kwa chembe. Tena uso wa chembe za mfinyanzi una chaji hasi, kwa hiyo metali nyingi, ambazo zina chaji chanya, zinanasa. Kati ya vitu vyenye mionzi vilivyomo kwenye taka hizo, watu wanaogopa sana plutoniamu, na kweli plutoniamu-239 inachukua miaka 24,100 kupungua nusu, lakini ardhini ni nzito wa kutembea, inang'ang'ania udongo. Wanaokokotoa usalama wa mashimo haya wanahangaika zaidi na ayodini-129, ayodini yenye mionzi iliyomo humo pia. Nayo ina chaji hasi, udongo hauishiki, na inapungua nusu kwa karibu miaka milioni 16. Kinachotusaidia ni kwamba kitu kinachopungua polepole hivyo hutoa mionzi kidogo kwa kila gramu.

Ufini hawana mfinyanzi mnene, wana mwamba mgumu wa karibu miaka bilioni 1.9 katika kisiwa cha Olkiluoto, na mwamba mgumu una nyufa. Kwa hiyo katika mahandaki ya Onkalo, mita 430 hivi chini, wamebuni kufunga fueli ya nyuklia iliyotumika ndani ya mitungi ya shaba yenye unene wa sentimita 5, kisha kuizungushia bentonaiti, aina ya mfinyanzi. Mafundi wa visima wanaijua bentonaiti. Ndiyo ile ya mifuko tunayochanganya kwenye maji ya kuchimbia. Huwa nawaonyesha vijana wa mafunzo: mimina unga wake kwenye chupa, ongeza maji, acha mpaka asubuhi. Unavimba, unaziba kila upenyo, na ukiigeuza chupa halidondoki tone. Joto likizidi sana inapoteza nguvu hiyo, ndiyo maana fueli hupozwa kwanza kwa miaka mingi na bentonaiti haitakiwi kufika nyuzi 100.

Lakini mwamba mzuri unaharibiwa na tundu. Asse, Ujerumani, walitumia mgodi wa zamani wa chumvi uliokwisha kutobolewatobolewa. Toka 1967 hadi 1978 waliingiza mapipa kama 126,000 ya taka za mionzi. Baadaye maji yakaanza kuingia, lita 12,000 hivi kwa siku, na sasa sheria yao inataka mapipa yatolewe tena.

Hilo linanigusa kwa sababu nimeliona kwa udogo wake. Mkandarasi mmoja aliacha shimo kavu wazi, amelifunika kwa jiwe tu. Mvua za masika zikaingiza maji ya choo cha jirani mpaka tabaka la chini, ambalo kisima cha pili cha kijiji kilikuwa kinalitegemea. Tulikifunga kisima hicho, na watoto walishaugua.

Kuhusu taka za nje kuletwa huku: Mkataba wa Bamako wa mwaka 1991 unakataza kuingiza taka hatari barani Afrika, za mionzi zikiwemo.

Kile kisima cha Pande hatukukiacha hivihivi. Tulishusha bentonaiti toka mita 80, tukapanda nayo polepole, juu tukamalizia kwa saruji. Iliisha mifuko yote tuliyokuwa nayo kwenye gari. Bibi alikaa kwenye kigoda chake hadi jioni akitutazama, na saruji ilipokauka alikuja kuikanyaga mwenyewe kwa kisigino.