Kōji Wakamatsu na filamu za waridi za Japani

Kila tunapofika Japani ya miaka ya 1960 katika mihadhara yetu ya historia ya sinema, hakosekani wa kuuliza: "Mwalimu, na hizi nazo ni za kufundishwa?" Anazungumzia pinku eiga, yaani filamu za waridi: filamu za ngono za kampuni ndogondogo, zilizoonyeshwa kwenye kumbi za watu wazima. Ngono yenyewe iliigizwa tu. Kifungu cha 175 cha sheria ya jinai ya Japani kinakataza kusambaza picha chafu, kwa hiyo sehemu za siri zilifichwa.

Jibu langu huwa ni Kōji Wakamatsu, aliyeongoza filamu zaidi ya 100.

Alizaliwa mkoani Miyagi mwaka 1936, akakimbilia Tokyo akiwa kijana, akafanya vibarua, akaingia kwenye genge la yakuza, yaani wahalifu wa Japani, akafungwa. Jela alitoka akiwachukia polisi, na chuki hiyo inaonekana katika kazi zake nyingi. Alianza kuongoza mwaka 1963. Masharti ya biashara ile yalikuwa machache: fedha kiduchu, siku chache za kupiga picha, dakika sitini na kitu, na vipande vya ngono vya kumtosheleza mwenye ukumbi. Yaliyobaki mwongozaji alijipangia mwenyewe. Wakamatsu akajaza siasa.

Chukua filamu yake Yuke yuke nidome no shojo ya mwaka 1969. Karibu hadithi yote iko juu ya paa la jengo la ghorofa jijini Tokyo. Hakuna seti ya kujenga. Picha ni nyeusi na nyeupe, halafu ghafla rangi inaingia. Mkanda wa rangi ulikuwa ghali, na wenzake waliuweka akiba kwa vipande vya ngono. Yeye aliutumia kuonyesha damu. Niseme wazi pia: ukatili dhidi ya wanawake katika filamu zake nyingi unachefua, na umahiri wa kamera hauufuti.

Mwaka 1965 filamu yake Kabe no naka no himegoto ilishindanishwa katika Tamasha la Filamu la Berlin. Humo mke wa mtu anakutana na mpenzi wake wa zamani, mwenye kovu la bomu la Hiroshima, huku picha ya Stalin ikiwa ukutani. Nyumbani iliitwa aibu ya taifa. Mwaka huohuo akafungua kampuni yake.

Mwaka 1976 alikuwa mtayarishaji upande wa Japani wa Ai no korīda, filamu ya mwongozaji Nagisa Ōshima ambayo ngono yake haikuigizwa. Ili kukwepa kile kifungu cha 175, mikanda ilipelekwa kusafishwa Ufaransa.

Berlin alirudi na filamu yake Caterpillar mwaka 2010, na mwigizaji wake Shinobu Terajima akatwaa Dubu wa Fedha, tuzo ya tamasha hilo ya mwigizaji bora wa kike.

Oktoba 2012 aligongwa na teksi Tokyo, akafariki siku chache baadaye akiwa na miaka 76. Mwaka huo alikuwa ameshatoa filamu tatu.