Mwigizaji wa wahusika ni nani? Mfano wa Jeroen Krabbé

Stelingi wa muvi tunamjua mapema: sura yake imejaa bango, na hata watoto wanajua hafi katikati. Mwigizaji wa wahusika ni yule mwingine, ambaye uso wake unaukumbuka lakini jina linakupotea, kwa sababu kila ukimwona amekuwa mtu tofauti. Wengi humchanganya na mwigizaji msaidizi. Usaidizi ni ukubwa wa nafasi ndani ya filamu moja tu. Tommy Lee Jones alipata Oscar ya mwigizaji msaidizi kwa The Fugitive (1993), ilhali mle anamkimbiza stelingi mwanzo hadi mwisho na ni nyota kamili. Uigizaji wa wahusika ni jinsi mtu anavyojenga kazi yake kwa miaka mingi.

Mfano wenyewe yumo humohumo ndani ya The Fugitive: Mholanzi Jeroen Krabbé, mzaliwa wa Amsterdam mwaka 1944. Anacheza Dk. Charles Nichols, rafiki wa daktari anayesakwa kwa mauaji ya mkewe. Sini zake ni chache. Mtoro anamfuata kwenye gari, naye anampa pesa. Askari wakimhoji, anawaambia wazi kwamba rafiki yake hana hatia na hawatampata, maana ana akili sana. Mwishoni tunagundua njama ilikuwa yake.

Hapo ndipo penye ugumu. Akionyesha hila mapema, mtazamaji anamshtukia na fumbo limekufa. Akiwa mwema mtupu, ufichuzi unaonekana umebandikwa. Tena sini hazipigwi kwa mfuatano wa hadithi, kwa hiyo lazima ajue katika kila moja amedanganya kiasi gani na nani anamwamini. Krabbé anaicheza kwa utulivu wa mtu aliyezoea kuheshimiwa, basi. Ukirudia kuitazama, utulivu uleule unatisha. Na hakuwa chaguo la kwanza: nafasi alipangiwa Richard Jordan, akaugua, ndipo Krabbé akaitwa. Wito wa namna hiyo humfikia anayeweza kuvaa uhusika haraka, bila filamu kujengwa kumzunguka yeye.

Jenerali Koskov, Mrusi aliyechezwa na Krabbé katika The Living Daylights (1987), filamu ya jasusi James Bond, ni upande wa pili wa sarafu hiyohiyo. Huyu hajatulia hata kidogo. Anatoroshwa Bratislava kupitia bomba la gesi. Akishafika Uingereza, James Bond anamletea kapu la vyakula, naye anachambua kilichomo kwa furaha ya mtoto. Anakumbatia watu ovyo. Unampenda, na wakati huo anawauza wote.

Kwao Uholanzi, lakini, Krabbé alikuwa stelingi. Mwaka 1983 alibeba filamu ya De vierde man ya mwongozaji Paul Verhoeven, na mwaka 1984 akawa Willem van Oranje, kiongozi wa kihistoria wa Waholanzi, katika tamthilia ya televisheni. Kilichomsogeza pembeni nje ya Uholanzi si uwezo, ni lafudhi. Kiingereza chake ni safi, ila sikio linamtambua kuwa mgeni, na mgeni kwenye filamu za Kiingereza hupewa ujenerali wa Kirusi, au ukatibu wa mtunzi wa muziki Beethoven (Immortal Beloved, 1994), au mpiga violini mwenye kiburi (The Prince of Tides, 1991). Lafudhi inafungua mlango, kisha inakuwa kufuli: ukimcheza msaliti mmoja vizuri, simu tatu zinazofuata ni za wasaliti.

Dawa ni kukubali nafasi inayokwenda kinyume, hata iwe ndogo. Mwaka 1998 Krabbé alikuwa baba mpole katika Ever After, anafariki mapema kabisa. Mwaka huohuo aliongoza Left Luggage, na mwenyewe akacheza ndani yake. Kuna pia brashi: baba yake na babu yake walikuwa wachoraji, naye ni mchoraji, hivyo kipindi kisicho na simu si kipindi cha njaa. Si kila mwenzake ana bahati hiyo.

Kwenye Ocean's Twelve (2004) hatimaye alipewa Mholanzi wa Amsterdam, tajiri anayeogopa kutoka nje. Wezi wanalazimika kuinua jengo lake kwa jeki ili waweze kuiba humo.