Wakulima wa Ukara walijua mbolea kabla ya mabwana shamba

Imezoeleka kusemwa, hata na wasomi wa hapa Mwanza, kwamba wakulima wa kandokando ya Ziwa Victoria walihamahama kila ardhi ilipochoka, na kwamba maarifa ya mbolea waliletewa na serikali ya kikoloni. Kisiwa cha Ukara, wilayani Ukerewe, kinaikanusha kauli hiyo. Kabla ya ukoloni Wakara walikuwa tayari wakifuga ng'ombe katika mashimo yaliyochimbwa ndani ya nyumba, wakiwakatia majani na kuwaletea, ili samadi yote ikusanywe na kubebwa hadi shambani. Katikati ya uwele waliotesha marejea, mmea wa jamii ya kunde, kisha wakayafukia yaoze na kurutubisha udongo, na katika mzunguko huohuo wakapanda njugu mawe. Ilikuwa kazi nzito mno, nayo inastahili heshima kubwa kuliko inayopewa.

Linalofunza zaidi ni kwamba Wakara waliohamia bara, kwenye ardhi tele, waliacha sehemu kubwa ya kazi hiyo. Hawakuwa wamesahau, kisiwani msongamano wa watu ndio uliowalazimu kulisha udongo, ilhali bara kufungua shamba jipya kulihitaji jasho kidogo zaidi. Kwa sababu hiyohiyo, katika miaka ya 1950, Wasukuma waliokuwa wakipanua pamba kwa plau kuelekea Geita walichukizwa na sheria ndogo za kikoloni zilizowashurutisha kutengeneza matuta na kuweka samadi.