Emir Kusturica: siasa iliyotazamwa kutoka sebuleni

Baba mmoja wa Sarajevo anatazama katuni gazetini. Karl Marx yuko mezani anaandika, na nyuma yake ukutani imetundikwa picha ya Stalin. Baba anasema, "Sasa wamezidi." Tito, kiongozi wa Yugoslavia, na Stalin wa Umoja wa Kisovieti walikwishakosana tangu 1948, kwa hiyo kuonekana unamtetea Stalin ni kosa; maneno hayo yanamfikia shemeji yake ambaye ni afisa wa chama cha Kikomunisti, na baba anapelekwa kufanya kazi ngumu mgodini. Mtoto wake, Malik, anaambiwa tu kwamba baba amesafiri kikazi.

Hiyo ndiyo filamu iliyompa mwongozaji Kusturica Mtende wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1985, akiwa na miaka 30. Tunapoionyesha darasani, huwa nawaomba wanafunzi wamfuate Malik peke yake. Hakuna hotuba ya kisiasa inayofundisha hofu ya miaka ile kama mtoto huyu anayeamka usiku na kutembea usingizini.

Kusturica alizaliwa Sarajevo mwaka 1954, Yugoslavia ingali nchi moja. Familia yake ilikuwa ya asili ya Kiislamu, lakini yeye hujitambulisha kuwa Mserbia, na mwaka 2005 alibatizwa katika Kanisa la Kiorthodoksi. Alisomea uongozaji Prague. Watu husahau kwamba filamu zake mbili za mwanzo za sinema ziliandikwa na mshairi Abdulah Sidran, Msarajevo mwenzake. Tukimsifu mwongozaji, basi na mwandishi apewe haki yake.

Kisha akawageukia Waroma, jamii iliyotawanyika kote Ulaya na kudharauliwa karibu kila ilipo. Filamu yake ya 1988 juu yao inazungumza Kiromani, lugha yao, kwa sehemu kubwa. Kuna usiku wa mvua ambapo mjomba mlevi anafunga nyumba kamba na kuinyanyua kwa lori, ikabaki inaning'inia hewani huku bibi na wajukuu wakilowa chini. Cannes ilimtunuku tuzo ya mwongozaji bora mwaka 1989.

Filamu ya Underground ilimpa Mtende wa pili mwaka 1995, na ugomvi juu yake. Watu wanafichwa handakini wakiamini Vita vya Pili vya Dunia havijaisha, huku rafiki yao akiuza silaha wanazotengeneza. Ndani yake kuna picha halisi za kumbukumbu: majeshi ya Hitler yakishangiliwa Maribor (Slovenia) na Zagreb (Kroatia), halafu Belgrade, mji mkuu wa Serbia, ikiwa magofu. Wakosoaji, hasa Ufaransa, walisema uteuzi huo unaipendelea Serbia, nayo Bosnia ilikuwa bado vitani. Naipenda sana filamu hii, na bado naona hoja yao ina uzito: kuchagua picha ipi itangulie ipi ni kutoa hukumu. Kusturica aliumia hata akatangaza kuacha filamu. Alirudi mwaka 1998 na vichekesho vya harusi kando ya mto Danube.

Kama mwigizaji, mtafute katika filamu ya Patrice Leconte ya mwaka 2000, akiwa mfungwa anayesubiri gilotini, mashine ya kukatia watu vichwa, ifike kisiwani kwa meli. Amechapisha pia kumbukumbu za maisha yake, mwaka 2010, na hadithi fupi.

Kwa ajili ya filamu ya 2004 alijenga kijiji cha mbao mlimani Mokra Gora, magharibi mwa Serbia. Upigaji picha ulipokwisha hakukibomoa. Tangu 2008 wanafunzi wa filamu hukusanyika huko na filamu zao fupi kushindania tuzo ya Yai la Dhahabu.