Mhadhiri wa muda analipwa kwa saa ipi?

Madai mengi ya malipo yanayonifikia kutoka kwa wahadhiri wa muda huanza hivi: "Chuo kimekataa kunilipa." Nikifungua faili, mara nyingi nakuta chuo hakijakataa. Ugomvi uko kwenye kipimo: mhadhiri amehesabu kazi, chuo kimehesabu vipindi.

Tuseme barua ya uteuzi inataja saa 45 za kufundisha. Unaziingia zote. Kisha wanafunzi 60 wanafanya mtihani. Kwa dakika 15 kila karatasi, hizo ni saa 15 nyingine, kabla hujatunga maswali, hujaingiza alama wala kumsikiliza anayelalamika kwamba alama zake hazionekani. Idara itakwambia usahihishaji umo ndani ya kiwango cha saa. Huenda ni kweli, kama barua inasema hivyo. Ikiwa imenyamaza, kila upande utaivutia kwake, na chuo kinakuwa kimekutangulia kwa sababu fomu ya madai ni yake: tarehe, mada, saa za darasani, saini. Pa kuandika usahihishaji hakuna. Kwa hiyo ambatanisha barua fupi inayotaja kazi ya nje ya darasa na saa zake, upeleke nakala mbili, moja igongwe mhuri wa kupokelewa ubaki nayo.

Jambo hili linaweza kujadiliwa na likapatikana. Mwishoni mwa 2022 walimu wa muda wa chuo kikuu cha The New School, New York, waligoma kwa takriban wiki tatu, na makubaliano yaliyomaliza mgomo yaliingiza malipo kwa kazi ya nje ya darasa.

Kundi la pili la kesi hunikera zaidi. Mkuu wa idara anasema, "Wewe ingia darasani, barua itafuata." Muhula unakwisha, barua haijafuata, uhasibu hawana jina lako. Mifumo mingi ya sheria haikubali mtu afaidi kazi aliyoiomba kisha akwepe kuilipia kwa kisingizio cha karatasi, lakini lazima uthibitishe kwamba chuo kilijua upo kazini. Ratiba yenye jina lako, ujumbe wa simu wa mkuu wa idara, fomu za mahudhurio, matokeo uliyowasilisha yakapokelewa: hivyo vina uzito kuliko malalamiko ya kurasa kumi.

Watu huniuliza pia kuhusu viwango vya kimataifa. Mkataba wa Shirika la Kazi Duniani (ILO) Namba 95 wa 1949 unataka mishahara ilipwe kwa vipindi maalumu, na mkataba wa kazi ukimalizika hesabu ya mwisho ifungwe. Namba 175 wa 1994 unazuia kumlipa mtu kiwango cha chini kwa sababu tu hafanyi kazi muda wote. Pendekezo la UNESCO la 1997 linasema wanaofundisha vyuo vikuu mara kwa mara kwa saa chache walipwe kwa uwiano uleule na wenzao wa muda wote. Mikataba ya ILO huzibana nchi zilizoiridhia tu, na pendekezo halimfungi mtu. Yaweke kwenye barua ya madai kama nyongeza. Nguzo iwe mkataba wako na sheria ya kazi ya nchi yako.

Kuhusu kushikilia alama hadi ulipwe: naielewa hasira hiyo, ila mtu mmoja akifanya hivyo bila chama nyuma yake, chuo hupata cha kumshtakia, na wewe mdai unageuka mdaiwa. Wasilisha alama, dai pesa.

Na angalia ukomo wa muda. Kwingi madai ya mishahara yana tarehe ya mwisho ya kufunguliwa, pengine miezi michache tu, na kwa kawaida ahadi za "tunashughulikia" haziisimamishi. Endelea kuzungumza na idara ukipenda, lakini fomu ya kufungua mgogoro, si ile ya chuo, iwe imeshafika kwenye chombo cha usuluhishi wa migogoro ya kazi.